Maharagwe Hewani

Kabla hajawa Mama Chungu, mke wa fundi cherehani alikuwa akisoma matangazo ya vifo redioni. Aliyasoma vizuri mno. Sauti yake ilikuwa nzito na tulivu, ikishuka mahali pa kushuka, na walikuwapo wazee wenye afya zao waliosema kwamba siku yao ikifika, Mungu ajaalie iwe ni zamu ya mama yule. Kisha mtangazaji wa kipindi cha mapishi akaacha kazi bila kuaga, na meneja wa kituo akamwita ofisini.

"Wewe ni mke wa mtu," alimwambia. "Kupika si unajua?"

Angejibu nini? Alisema ndiyo, akatoka, akaenda moja kwa moja hadi dukani kwa mumewe, akaketi juu ya robota la vitambaa, akasema amepandishwa cheo, akaanza kulia.

"Unalia nini tena, na umepandishwa cheo?" Fundi alimuuliza, sindano ikiwa bado mdomoni.

"Wamenipandisha mti nisioweza kushuka."

Fundi alipoelezwa mambo yote alitoa sindano mdomoni, akaichomeka kwenye kola ya shati lake. "Hiyo ni redio, mke wangu. Nani atakuona? Mimi nitapika, wewe utasema."

Maana ukweli, ambao haukuwahi kutoka nje ya kuta za nyumba ile, ni kwamba mpishi alikuwa yeye. Alijifunza zamani, alipokuwa mwanafunzi kwa fundi mmoja mshonaji aliyewalisha wanafunzi wake uji asubuhi na maneno jioni. Njaa ilimfunza kilichobaki. Aligundua kwamba kupika na kushona ni ndugu wa tumbo moja: unapima, unakata, unaunganisha, na ukikosea unafumua. Isipokuwa chumvi. Chumvi ikishaingia haifumuliki.

Mkewe kwa upande wake aliweza kuchemsha maji, ingawa hata hayo alikuwa akifunua sufuria kila mara kuuliza kama yameiva. Watu walipompa jina la Mama Chungu kwa sababu ya kipindi chake, mumewe alicheka peke yake mpaka machozi yakamtoka. Chungu ni cha kupikia, na chungu ni kinyume cha tamu, na ni yeye tu aliyejua kwamba jina lile lilikuwa la kweli pande zote mbili.

Basi wakaishi hivyo. Kila Ijumaa jioni fundi alifunga duka lililokuwa mbele ya nyumba, akaingia jikoni nyuma, akafunga na mlango wa jikoni. Alikatakata, akakaanga, akaonja, akieleza kila anachofanya, na mkewe ameketi juu ya kigoda akinywa chai na kusikiliza. Kesho yake asubuhi maneno yale yale yalitoka redioni kwa sauti inayoweza kumfanya mtu aliyeshiba aone njaa. Wanawake wakampigia simu kumshukuru. Waume za watu wakamsalimia njiani kwa heshima ya pekee, kama mtu anavyomsalimia daktari.

Mke aliificha siri ile kwa ajili ya kazi yake. Fundi aliificha kwa ajili ya benchi.

Benchi lilikuwa mbele ya duka lake, na wanaume wa mtaa ule hawakuwa na bunge jingine. Spika alikuwa jirani yake kinyozi, mtu mwenye mikono myepesi na ulimi mwepesi zaidi. Kinyozi alikuwa na msimamo juu ya kila jambo, na juu ya wanaume wanaopika alikuwa na msimamo mkali.

"Mwanamume akishika mwiko," alipenda kusema huku akinoa wembe wake, "ndevu zinasimama kuota. Mimi nimenyoa watu wengi, nimeyaona."

Wote wakacheka, na aliyecheka kwa sauti kubwa kuliko wote alikuwa fundi. Wakati mwingine hata aliongeza lake. Kisha akaingia ndani kuangalia kama nyama imelainika.

Na alikuwapo mama yake. Mama huyu aliishi mtaa wa pili, na kila Jumapili alikuja kula kwa mwanawe. Alikula taratibu, akafuta sahani kwa kipande cha mkate, kisha akamgeukia mwanawe kwa macho ya huruma. "Shukuru Mungu wako," alimwambia. "Wewe ulikuwa huwezi hata kubandika yai likachemka. Pasipo mkwe wangu huyu ungekwisha kufa kwa njaa."

"Kweli mama," fundi alijibu. Mkewe aliinamisha kichwa kwa unyenyekevu, na mama mkwe akazidi kumpenda kwa kutojivuna.

Mambo yangeendelea hivyo hadi leo kama meneja hangepata wazo. Meneja alikuwa mtu wa mawazo. Yalimjia kama mafua, na wafanyakazi wake ndio waliopiga chafya. Jumatatu moja aliwaita wote akatangaza kwamba Jumamosi ijayo kipindi cha mapishi hakitatoka studio. Kitatoka jikoni kwa Mama Chungu mwenyewe, moja kwa moja, kitunguu kisikike kikikaangwa. Wasikilizaji watapiga simu. Na mgeni wa heshima atakuwa mama mkwe wake, ambaye tayari alikwisha pigiwa simu na tayari alikwisha kubali.

Mke wa fundi alirudi nyumbani, na safari hii hakulia. Alikuwa amepita hatua ya kulia.

"Nitaumwa," alisema. "Jumamosi nitaumwa tumbo."

"Mama anakuja. Ukiumwa atasema una mimba, na hapo ndipo utakapoumwa kweli." Fundi alizunguka jikoni, mikono nyuma, kama mtu anayepima chumba cha kupangisha. Kisha akafungua kabati. "Tutachagua kitu ambacho hata paka anaweza. Maharagwe ya kuoka."

Akampangia mezani vitu vyote, na havikuwa vingi. Makopo ya maharagwe yaliyokwisha chemshwa kiwandani. Kitunguu. Nyanya ya kopo. Sukari, siki, haradali, chumvi, pilipili manga. Mafuta kidogo.

"Hapa hakuna kupika," alimwambia. "Unakaanga kitunguu kilainike. Unatia nyanya. Unatia sukari, siki na haradali, chumvi kidogo, unaonja. Unamimina maharagwe, unachanganya, unatia kwenye bakuli la kuokea, unasukuma ndani ya oveni. Kisha unakaa unapiga soga mpaka juu kung'ae na pembeni kutoe povu. Basi. Mwenye njaa kabatini mwake ndimo alimo mpishi."

"Hilo la mwisho ni zuri," mkewe alisema, uso ukimchangamka kidogo. "Nitalisema."

Kusema hakukuwa tatizo. Wiki nzima walifanya mazoezi. Jumanne kitunguu kiliungua. Jumatano hakikuungua, lakini ni kwa sababu alisahau kuwasha moto. Alhamisi alipatia, wakakumbatiana jikoni kama watu waliofaulu mtihani, na siku ya Ijumaa fundi aliona hekima asimjaribu tena, asije akaharibu alichokipata.

Jumamosi asubuhi gari la redio liliegesha mbele ya duka. Meneja alishuka amevaa suti ambayo fundi mwenyewe alimshonea, na nyuma yake akashuka dada wa mitambo, mwanamke mkimya aliyebeba mikoba miwili na nyaya shingoni. Mama mkwe alikuwa amefika kabla yao. Alivaa nguo yake ya harusi za watu na viatu vilivyomuuma, akaketi jikoni kwenye kiti pekee chenye mgongo.

Fundi alijipenyeza mlangoni, akasimama karibu na oveni.

"Baba mwenye nyumba," meneja alimwambia kwa upole, akimshika bega, "jikoni ni padogo. Hebu tuachie wenye kazi yao. Wewe kaa sebuleni, burudika."

"Nilidhani labda nitasaidia kushika kitu..."

"Huyo?" mama yake akaingilia. "Atavunja. Mtoeni."

Wakamtoa. Fundi aliketi sebuleni na redio, ukuta mmoja tu kati yake na jikoni. Alisikia muziki wa kipindi, kisha sauti ya mkewe, nzuri kama siku zote. Aliwakaribisha wasikilizaji jikoni kwake. Akamkaribisha mama mkwe, naye akapaza sauti kama mtu anayemwita mtu ng'ambo ya mto: "Namshukuru Mungu kwa mkwe huyu! Mwanangu alikuwa mkavu kama ufito, mtazameni sasa!"

"Leo," mke alisema, "tunapika kwa vile vilivyomo kabatini. Maana mwenye njaa kabatini mwake ndimo alimo mpishi."

Fundi akatabasamu. Kisha ikaja sauti ya kopo.

Kifungua kopo cha nyumba ile kilikuwa na tabia zake. Kiligeuzwa kwa mkono wa kushoto, na lazima ukikandamize kwa gumba. Alhamisi fundi ndiye aliyemfungulia mkewe, bila hata kufikiri. Sasa mji mzima ulisikia bati likikwaruzwa, likiteleza, likidundika mezani na kuokotwa. "Makopo ya siku hizi," mkewe alisema kwa utulivu, "yana siri zake." Kikafuata kimya, kisha kishindo, kisha meneja akisema mbali na kipaza sauti, "Ngoja, ngoja nikusaidie." Likafunguka.

Kitunguu kiliingia kwenye mafuta. Fundi aliinamisha kichwa akisikiliza. Mlio ulikuwa mzuri, si wa haraka, si wa kuzubaa. Akahema. Nyanya ikaingia, akasikia mwiko ukizunguka. Labda watavuka.

"Na sasa," mkewe alisema, "ili kupoza ukali wa nyanya, tunatia sukari. Msiogope. Vijiko vitatu vilivyojaa."

Hapo ndipo fundi aliposikia mlio wa mfuniko.

Juu ya rafu ya jikoni kulikuwa na makopo mawili ya bati yanayofanana kama mapacha, moja la sukari na moja la chumvi. Hayakuandikwa kitu, kwa sababu aliyeyatumia hakuhitaji kuandikiwa. Mfuniko wa sukari ulifunguka kimya. Mfuniko wa chumvi, ambao ulikwisha kula kutu, ulifunguka ukilia kama mlango wa bawaba kavu. Na mlio huo ndio uliosikika redioni, na kupitia ukuta pia.

Fundi alisimama. Akaenda hadi mlango wa jikoni, akarudi. Akiingia atasema nini, na meneja yuko hewani, na mama yake yuko kwenye kiti? Alikimbia dukani, akafunga mlango, akapiga namba ya kipindi huku mkewe bado akiisifu sukari redioni. Alichukua kipande cha kitambaa cha bitana, akakiweka mbele ya mdomo, simu akaibana kwa bega, na kwa mkono mwingine akabana pua.

"Tuna msikilizaji wa kwanza!" meneja alipiga kelele. "Karibu, uko hewani!"

"Mama Chungu," fundi alisema kwa sauti iliyotoka kama ya bata mwenye mafua, "samahani sana. Hebu onja hiyo sukari kwanza kabla hujaitia."

Mke wa fundi aliitambua sauti ile hata kabla haijamaliza jina lake. Mtu uliyelala naye miaka yote unaijua sauti yake hata akibanwa pua. Alichovya kidole, akaonja.

"Wasikilizaji wangu," alisema, "nilikuwa nawajaribu. Hii ni chumvi. Nilitaka kuona nani yuko macho."

Meneja alicheka kwa furaha. Lakini mke wa fundi hakukata simu. Kama mtu aliyekuwa akizama akaguswa na kamba, aliishikilia.

"Msikilizaji, usiondoke. Sukari hii hapa, nyingine. Wewe ungeweka vijiko vitatu?"

"Viwili, halafu uonje. Nyanya za makopo hazifanani."

"Na siki?"

"Siki subiri. Sukari iyeyuke kwanza. Ukiitia mapema itakurukia puani. Punguza moto... punguza zaidi. Naam."

"Sasa?"

"Sasa. Kijiko kimoja. Na haradali nusu yake. Koroga kutoka pembeni kuja katikati, usichape kama unafua."

"Nimekoroga."

"Onja."

"Kuna kitu kinakosekana," alisema mke.

"Pilipili manga."

"Ndiyo!"

Fundi alikwisha sahau kubana pua. Kitambaa cha bitana kilikuwa kimeanguka chini kwenye vipande vya uzi. Mkewe naye alikwisha sahau kipaza sauti. Walizungumza kama walivyozungumza kila Ijumaa, mmoja akiuliza na mwingine akijibu, wakikatizana, wakichekana, na dada wa mitambo akainua macho kutoka kwenye vidude vyake akamtazama yule mama kwa makini. Baadaye watu walisema kipindi hakijawahi kuwa kitamu vile. Waliosikiliza sokoni waliacha kupima bidhaa.

"Usifunike," fundi alisema bakuli lilipoingia kwenye oveni. "Maharagwe ya kuoka yakifunikwa yanatoka jasho, hayatoi ukoko."

Mama mkwe alikuwa amevumilia muda mrefu. Alikuja kumsikiliza mkwewe akisifiwa, na sasa kulikuwa na dume moja linalomfundisha mkwewe kazi mbele ya watu. Alisogea kwenye kipaza sauti.

"Wewe baba," alisema, "samahani lakini nitasema. Hapo ulipo huna mke?"

Fundi aliokota kitambaa, akakirudisha mdomoni. "Ninaye... mama."

"Sasa siki wewe inakuhusu nini? Mwanamume mzima, saa hizi wenzako wako kazini, wewe umekaa unahesabu haradali! Maskini mama aliyekuzaa. Sijui alikosea wapi. Mimi wangu hata mahali chumvi inapokaa hapajui, na namshukuru Mungu."

Meneja alikuwa akijipigapiga paja kwa raha. Upande wa dukani fundi alisimama kati ya suruali zilizoning'inia, simu sikioni. Alitukanwa na mama yake mwenyewe kwa ajili ya siki, na cha ajabu ni kwamba kilichomuuma si tusi. Kilichomuuma ni yale "namshukuru Mungu".

Mke wa fundi aliisikia pumzi ya mumewe upande wa pili wa simu. Alikuwa ameishi na uongo huu kwa starehe, amekula nao, amesalimiwa nao njiani. Lakini kulikuwa na mpaka, na hakujua upo wapi mpaka mama mkwe alipoukanyaga.

"Mama," alisema kwa ile sauti ya matangazo ya vifo, "huyo unayemsema ni mwanao."

"Nani?"

"Huyo kwenye simu. Ni mwanao, mume wangu, yuko dukani hapo mbele. Yeye ndiye anayepika nyumba hii. Chakula chote ulichokula hapa alipika yeye. Mimi sijui kupika, mama. Sijawahi kujua."

Fundi alihisi damu ikimpanda hadi masikioni. Alimkasirikia mkewe, na hapo hapo, chini ya hasira, kulikuwa na kitu kingine, chepesi, kama kifungo kilichombana tumbo kimekatika. Kwa muda ule mfupi kila mtu mjini alijua anachojua kufanya. Alinyoosha mgongo.

Kisha meneja akaangua kicheko.

Alicheka mpaka akashika meza. Mama mkwe alimtazama, akamtazama mkwewe, na mwisho akacheka pia, kicheko cha mtu aliyekaribia kunaswa na mtego. "Eti mwanangu! Loo! Mlinipata! Mliniweza kweli, nyie watu wa redio ni waongo!" Simu zikaanza kuingia, na wote waliopiga walikuwa wakicheka. Mama mmoja alisema mbavu zinamuuma. Mzee mmoja alitaka kujua mwigizaji aliyeigiza mume alitoka wapi, maana ana kipaji.

"Si maigizo," mke alisema. "Nasema kweli."

"Msikieni!" meneja alipaza sauti. "Hata hacheki! Huyu ndiye Mama Chungu!"

Maharagwe yalitoka yameiva vizuri, juu yanang'aa, pembeni yameshika rangi. Fundi aliitwa aje ale pamoja na wengine. Alipoingia jikoni alikuta mama yake anamsubiri amenyoosha mikono yote miwili.

"Uliigiza vizuri," mama alimwambia, akimpapasa mashavu. "Mwanzoni sikukujua kabisa. Lakini mwanangu, yale ya haradali na pilipili ulikariri vipi vyote vile? Mkwe wangu lazima alipata kazi kukufundisha."

"Mama, ni kweli. Napika mimi."

"Haya, basi, yamekwisha, redio imezimwa," mama alisema, akimwekea maharagwe kwenye sahani. "Kula. Utajua mkeo ni nani."

Dada wa mitambo peke yake hakucheka. Alipokuwa akikunja nyaya zake alimsogelea fundi, akamuuliza kwa sauti ya chini, "Na mtu asipokuwa na haradali?" Fundi akamwambia aongeze siki kidogo na pilipili manga, itatosha. Yule dada akaitikia kwa kichwa, akapakia mikoba yake garini.

Benchi lilikuwa na furaha isiyo kifani. Kinyozi alimpokea fundi kwa kupiga saluti na kipande cha mti kama mwiko. "Mpishi mkuu! Yaani ulipomjibu bimkubwa, 'Ninaye, mama,' nilimkata mteja sikio!" Fundi alijaribu kuwaeleza. Kadiri alivyoeleza ndivyo walivyocheka, na alipokasirika wakasema anaigiza hasira pia. Wiki iliyofuata, kwa ukaidi, alitoa jiko nje, akaliweka mbele ya benchi, akapika maharagwe yale yale kwenye sufuria mbele ya macho yao, tangu kitunguu hadi pilipili. Walimtazama, wakashangilia, wakala wakamaliza. Kinyozi alijifuta mdomo na kusema, "Mpe shemeji salamu. Mwambie ametuweza."

Ni hivyo basi. Fundi aliyekuwa akiogopa kujulikana sasa alikuwa akililia kujulikana. Meneja alimpa mkewe nyongeza ya mshahara kwa ubunifu wake. Kipindi kikapata sehemu mpya, ambapo kila Jumamosi mume wa Mama Chungu hupiga simu na kujifanya anajua kupika, na mji mzima ukawa unaisubiri. Mkewe alimwomba msamaha mara nyingi. "Nilisema kweli," alimwambia, "kwa mara ya kwanza tangu nianze kazi hii. Ningejuaje kwamba ukweli ndio utakaokosa wasikilizaji?"

Alianza pia kusimama karibu na jiko siku za Ijumaa badala ya kukaa kwenye kigoda. Kitunguu alikijua sasa. Wali ulikuwa bado.

Ilipita miezi. Jioni moja, benchi likiwa tupu na mvua imeanza kunyesha, kinyozi aliingia dukani bila utani wowote. Mkewe alikuwa amekwenda kumwuguza mama yake mgonjwa, mbali, na hakujulikana siku ya kurudi. Alikuwa amemwachia kinyozi watoto.

"Wanakula mkate," kinyozi alisema akiangalia chini. "Asubuhi mkate, jioni mkate. Jana yule wa mwisho alilia. Nilikuwa nataka... hebu niulizie kwa shemeji. Yale maharagwe. Anayafanyaje?"

"Shemeji yako yuko kazini."

"Basi kesho."

"Watoto watakula kesho?" Fundi alizima cherehani, akakunja suruali aliyokuwa akiitia pindo. "Kabatini mwako mna nini?"

Walikimbia wakipita chini ya mapaa. Jiko la kinyozi lilikuwa jiko la mtu asiyeingia jikoni: vyombo vimejaa karai, mkate umefunuliwa mezani. Watoto walisimama mlangoni wakitazama. Kabatini kulikuwa na makopo ya maharagwe, vitunguu viwili, nyanya ya kopo, sukari, siki iliyobaki chini ya chupa. Hapakuwa na haradali, na oveni yao ilikuwa mbovu. Fundi alisema haidhuru, watatumia sufuria nzito, na makaa juu ya mfuniko ili kuiva kutoke juu na chini.

Alikata kitunguu. Kisu kilikwenda kwa kasi ile ile ya sindano ya cherehani, vipande vikianguka sawa sawa, na macho yake hayakuwa kwenye kisu. Yalikuwa yakitafuta mwiko. Alikitia kwenye mafuta, akasikiliza, akapunguza moto kabla hata hakijaanza kugeuka rangi. Alionja nyanya kwa ncha ya kidole, akatikisa kichwa, akaongeza sukari. Kinyozi, ambaye aliishi kwa kazi ya mikono na aliijua mikono ya mtu anayejua, alinyamaza muda mrefu kuliko alivyowahi kunyamaza maishani mwake.

"Kumbe," alisema mwishowe. "Ile siku ya redio."

"Naam."

"Na ile ya sufuria pale nje."

"Naam."

"Nami nikacheka."

"Ulicheka sana," fundi alisema, akimkabidhi mwiko. "Koroga. Kutoka pembeni kuja katikati."

Kinyozi alishika mwiko. Alitazama nyuma mlangoni, kisha dirishani, ambako hapakuwa na mtu zaidi ya mvua. Akakoroga. Mwanzoni aliushika kama wembe, kisha akaulegeza, na harufu ilipoanza kupanda watoto wakasogea hatua moja ndani, halafu nyingine.

"Sikia, ndugu yangu," kinyozi alinong'ona. "Usimwambie mtu."

"Nisimwambie kwamba mimi napika, au kwamba wewe umepika?"

Kinyozi alifikiri, huku akiendelea kukoroga kwa uangalifu mkubwa.

"Yote mawili," alisema. "Na siki natia lini?"